Ndoo ya Asali Kutoka Rungwa

Kila kunapopambazuka, kabla hajanawa uso, Editha huzunguka nyuma ya nyumba, huokota bonge la udongo, hulirusha juu ya shamba na kupiga ukelele: "Haaai! Hai!" Hufanya hivyo uwele ukiwa umeiva, na hufanya hivyo hata shamba likiwa tupu, limebaki mabua na upepo. Kisha hufuta mkono kwenye khanga na kurudi jikoni kuwasha moto.

Watu wa Mkiwa wameshamzoea. Madereva wa malori wanaolala pale njia panda hugeuka kwenye viti vyao na kusema, "Jogoo wetu huyo, kumekucha." Pendo, mdogo wake wa mwisho, hajamzoea. Tangu amalize chuo na kurudi nyumbani, ukelele ule humkurupusha kila asubuhi, akabaki amekaa kitandani moyo unamdunda, kama mtu aliyeitwa mahali na hajui ni wapi.

Editha alijifunza kupiga ukelele huo akiwa msichana mdogo. Uwele ukianza kukaza punje, kwelea kwelea hushuka kama wingu la vumbi, na shamba la mwaka mzima huweza kwisha kabla mtu hajamaliza kunywa uji. Ndiyo maana kila nyumba huweka mtu wa kuamia ndege, wa kukaa juu ya kichanja tangu alfajiri mpaka giza, na kombeo mkononi na sauti kooni. Baba yao alisema mmoja wa watoto abaki. Editha ndiye mkubwa, akabaki. Msimu ulipokwisha akarudi shuleni. Msimu uliofuata akabaki tena. Wa tatu, aliporudi, akakuta nafasi yake darasani imekaliwa na mtoto mwingine. Akasimama mlangoni kidogo, akageuka, akarudi nyumbani. Hakuna aliyemuuliza mbona amewahi.

Leonard, anayemfuata, akasoma mpaka akawa mwalimu, yuko Manyoni. Magdalena akasoma, akaolewa Singida mjini, ana duka la vipodozi. Pendo alijifunzia kutembea chini ya kichanja cha Editha, naye akasoma mpaka chuo kikuu. Na kila palipotokea jambo nyumbani, baba kuugua, baba kuzikwa, ng'ombe kuzaa, paa kuvuja, simu zilipigwa, na kila simu iliishia kwa maneno yale yale: "Kwani shida iko wapi? Editha yupo."

Na kweli, alikuwepo.

Mwaka huu, alizeti ilipokwisha kupigwa na kuingizwa stoo, alikuja mzee mmoja mwenye koti la kijivu, akabisha hodi, akaketi na mama yao barazani. Alikuwa mshenga. Alitumwa na Ignas, mrina asali wa Rungwa aliyefiwa na mkewe miaka kadhaa nyuma. Editha huuza kuku na mafuta ya alizeti pale njia panda, barabara ya Itigi na Rungwa inapoachana na barabara kuu. Ignas akileta asali yake kwa lori, hukaa kwenye benchi la Editha akingojea usafiri wa kurudi. Ni mtu wa maneno machache. Nyuki, husema, hawapendi makelele. Jinsi mtu asiyependa makelele alivyompenda Editha, Pendo hakuweza kuelewa.

Mshenga aliacha ndoo ya asali, kifuniko kimefungwa kwa kamba ya katani. Mama alijua maana yake, kwa kuwa kwao alikozaliwa ndivyo walivyofanya, akawaeleza Editha na Pendo. Asali ya posa haifunguliwi mpaka wenye binti wakubaliane. Ikirudi na kifuniko chake, posa imekataliwa, hakuna ugomvi. Ikirudi ndoo tupu, basi asali imeliwa, na walioila wamemtoa binti.

"Nitarudi Jumapili ya pili, baada ya misa," mshenga alisema.

Mama akamwambia Pendo aifiche stoo, nyuma ya magunia. Macho ya mama yameingia ukungu. Huona mwanga na vivuli, basi. Hawezi tena kupika wala kwenda kisimani. "Siwezi kutoa jibu peke yangu," alisema. "Waje wenzenu wote. Na ninyi wawili, kimya. Mimi ndiye nitakayelisema."

Tangu siku hiyo Pendo hakupata utulivu. Alikuwa na jambo lake: shule moja ya sekondari Singida mjini ilikubali kumpokea akajitolee kufundisha, na mwalimu mkuu alimdokeza kwamba anayejitolea vizuri hakosi kukumbukwa. Anatakiwa mwanzoni mwa Julai. Hakuwa amemwambia mtu. Sasa alipiga hesabu hii usiku na mchana na kila mara ikatoka vile vile: Editha akienda Rungwa, nani atabaki na mama? Alianza kufagia mahali palipofagiliwa. Alishika kitabu, akasoma ukurasa, akaona hakusoma kitu. Aliingia stoo, akaitazama ile ndoo, akatoka. Moyoni alikwisha kupanga maneno ya kusema kwenye kikao, maneno mazuri, ya adabu: mama amemzoea dada, mama atateseka, tumfikirie mama. Kila akiyarudia yalizidi kuwa matamu, na kila yalipozidi utamu yeye alizidi kujichukia.

Editha naye aliendelea na kazi zake. Aliuza kuku wake, akapika, akampeleka mama chooni. Ila siku hizo alikuwa hakai. Alikula amesimama mlangoni, bakuli mkononi, uso umeelekea barabarani.

Jumamosi, siku moja kabla ya mshenga kurudi, wakafika. Leonard alishuka kwenye basi na mkoba wa kompyuta, Magdalena na mifuko ya mikate na sabuni.

"Shikamoo mama! Shikamoo dada!" Leonard akapiga kelele tangu getini. "Mbona mmeninyima mapokezi? Hata vigelegele?"

"Marahaba," Editha akajibu. "Vigelegele tunaweka vya bwana harusi. Wewe ulishapigiwa vyako."

"Na vimeisha nguvu," Magdalena akadakia. "Mkewe kamwambia asirudi bila kuku wa kienyeji." Akamshika kuku aliyekuwa amefungwa miguu kando ya jiko, akampima kwa mkono. "Dada, huyu ndiye wetu? Huyu alifunga Kwaresima yote na bado hajaambiwa Pasaka imepita."

"Mle hivyo hivyo. Wanene wanakwenda Dodoma na mabasi."

Wakacheka. Hata Pendo akacheka, kisha akakumbuka, kicheko kikamkaukia.

Wakakaa barazani na mama. Leonard hakutaka kupoteza muda. "Mama, tumekuja kuhusu macho yako na mambo ya matunzo. Mimi na Magdalena tumeongea njiani. Kliniki ya macho tutashughulikia sisi. Kukaa na wewe, sasa, hiyo haina mjadala. Editha yupo."

"Na huyu mdogo akipata kazi aende," Magdalena akaongeza, akimpiga Pendo begani. "Umri wenyewe huu. Editha yupo, bwana."

Pendo akamtazama mama. Mama alikuwa ameinua uso kuelekea jua, macho ameyafumba.

"Mmekula?" mama akauliza.

"Bado."

"Basi ngojeni. Neno zito halipandishwi juu ya tumbo tupu." Hiyo ilikuwa sheria ya nyumba ile tangu enzi za baba: mgeni ale kwanza, habari baadaye, hata iwe habari ya msiba. "Pendo, kamwite mjomba wako Simeoni. Mwambie kikao kipo, na kuku yupo."

Pendo akaondoka karibu anakimbia, afadhali miguu ipate kazi. Mjomba Simeoni, kaka wa mama, hukaa ng'ambo ya barabara kuu, karibu na mashine ya kukamua alizeti. Alimkuta ananyoa ndevu. Ikabidi amngoje amalize, kisha amngoje avae, kisha atafute fimbo ambayo ilikuwa mkononi mwake mwenyewe. Njiani mzee akasimama kumsalimu kila mtu. Pendo alikuwa anatangulia hatua kadhaa, anarudi, anatangulia tena.

"Mama," mjomba akamwambia, "una nini? Unazunguka kama kuku anayetafuta pa kutaga."

"Hakuna kitu, mjomba."

"Hakuna kitu ndiyo yai kubwa kuliko yote."

Walipoingia uani, Pendo alisikia harufu kabla hajaona. Leonard alikuwa amekaa kwenye kigoda na sahani ya viazi vitamu vilivyochemshwa. Alikuwa anachovya kiazi kwenye bakuli, anakula, analamba vidole mpaka kwenye kiwiko. Magdalena alikuwa amechuchumaa mbele ya ndoo, kamba ya katani imetupwa chini, anajaza asali kwenye chupa ya maji ili aende nayo mjini. Ndoo ilikuwa imepungua vizuri.

"Pendo, njoo ule kabla kaka yako hajamaliza!" Magdalena akaita. "Asali gani hii? Ina harufu ya maua kama marashi. Dada, biashara yako hii usiiache."

Pendo akaitazama kamba pale chini. Akageuka kutazama jikoni. Editha alikuwa ameinamia sufuria, anasonga ugali kwa nguvu, mgongo umewaelekea wote.

Chakula kikaletwa. Watu wakanawa. Pendo alimega tonge, akalizungusha mkononi, akalirudisha sahanini. Alitaka kusema, lakini mama alikuwa amesema kimya, na mbele ya mjomba wake, katikati ya chakula, yeye mdogo kuliko wote, angeanzia wapi? Mjomba alikula taratibu, akavunja mifupa, akasifu supu. Vyombo vikaondolewa, na Editha akavifuata jikoni kuvisafisha, kwani desturi hutaka binti anayeposwa asikae pale.

Ndipo mama akasema. Alisema kwa Kinyaturu kwanza, polepole, kisha akarudi kwenye Kiswahili ili kisibaki kisingizio. Akataja Rungwa, akamtaja Ignas, akamtaja mshenga na Jumapili ya kesho. "Kwa hiyo mjomba wenu yupo hapa, nanyi mpo. Mseme mnakubali au mnakataa. Pendo, lete ile ndoo iwekwe katikati, na kamba yake."

Leonard akatazama mikono yake.

"Mama," Magdalena akasema kwa sauti ndogo, "ndoo gani?"

"Ya posa. Iko nyuma ya magunia."

"Mungu wangu," Leonard akasema.

Mama akavuta hewa, pua zikicheza. "Nilisikia harufu," akasema. "Nikadhani ni njaa inaniotesha mchana."

Kelele zikaanza. Leonard akasema hawakujua, na jambo ambalo mtu halijui halihesabiki. Magdalena akasema asali ni asali, watanunua nyingine pale njia panda, watajaza, watafunga kamba, nani atagundua? Mjomba Simeoni akamtazama mpaka akainamisha kichwa.

"Mtu aliyeirina kwa mkono wake hataijua asali yake? Unataka nisimame mbele ya mshenga na uongo mdomoni, kwa mvi hizi?"

"Lakini mjomba, tulikuwa na njaa!"

"Mlimuuliza nani?" mama akasema.

"Kuuliza nini, mama? Nyumba ni yetu."

"Ndiyo. Na kila kilichomo mmekila bila kuuliza, tangu mlipoota meno."

Leonard akasimama, akakaa. Ilikuwa dhahiri kwamba lililomtia hofu si mshenga. "Haya, tuseme ameolewa. Nani atakaa na mama? Mimi nyumba yangu ni ya kupanga, vyumba viwili, watoto wanne." Akamtazama Magdalena.

"Mume wangu mnamjua," Magdalena akasema haraka. Kisha uso wake ukang'aa, kama mtu aliyekumbuka alipoweka ufunguo. "Jamani! Pendo yupo."

Maneno yale yakawa yametamkwa. Pendo aliyasikia yakiingia mwilini kama maji ya baridi. Hakuna aliyemtazama kwa ubaya; walimtazama kwa faraja, kama watu watazamavyo kivuli mahali penye jua. Hata jina lake lilikaa vizuri katika sentensi ile, kama vile lilikuwa limeandaliwa nafasi siku nyingi.

"Mimi nimepata shule," akasema. "Mjini. Julai."

"Kulipwa?"

"Kujitolea, kwanza."

"Aa," Leonard akasema, na ile "aa" ikamaliza kila kitu.

"Mimi si gunia la kupigiwa kura nani alibebe," mama akasema. "Mambo yangu yana siku yake. Leo ni ya Editha."

Mjomba Simeoni akagonga fimbo chini. "Nisikilizeni. Kosa la asiyejua husamehewa. Leonard hakujua, Magdalena hakujua. Mama yenu alijua lakini haoni. Pendo alijua lakini nilikuwa naye njiani, ananihangaisha. Amebaki mtu mmoja. Kama naye hakuona, basi hii ni ajali ya njaa. Kesho nitamrudishia mshenga asali iliyobaki, pamoja na kuku wa kuomba radhi, na posa itakuwa imekataliwa bila kutukanana, kama ninyi mnavyotaka. Lakini kama yupo mwenye kujua aliyeiona ikifunguliwa akanyamaza, nyumba hii imekula kwa kujua. Nitarudisha ndoo tupu, na hakuna wa kunirudisha nyuma."

"Basi mwiteni," Leonard akasema.

"Binti haitwi mbele ya kikao kujibu posa yake. Mdogo wake ndiye hutumwa." Akamgeukia Pendo. "Nenda. Umuulize hilo moja tu, utuletee jibu kama litakavyotoka."

Pendo akainuka. Kutoka barazani mpaka jikoni si mbali, lakini alikuta miguu imekuwa mizito, yeye ambaye wiki mbili nzima hakuweza kuituliza. Alijua swali linaweza kuulizwa namna nyingi. Linaweza kuulizwa likiwa limeshika jibu lake mkononi: hukumwona kaka, eti dada? Ulikuwa ndani, siyo? Editha angeitikia. Maisha yake yote alikuwa akiitikia. Kisha Julai ingekuja, na Pendo angepanda basi la mjini na vitabu vyake, na nyuma yake mtu angekuwepo.

Alimkuta Editha amepiga magoti kando ya beseni, anasugua sufuria ya ugali kwa majivu. Mikono imejaa masizi mpaka juu. Upepo ulikuwa unaupeperusha moshi huku na huku, naye hakujisogeza. Alimtazama Pendo mara moja, akaendelea kusugua, na Pendo akaona kwamba kifua cha dada yake kinapanda na kushuka kama cha mtu aliyetoka mbioni.

"Wamekutuma," Editha akasema.

"Wamenituma."

"Haya."

Pendo akachuchumaa, wakawa wamelingana.

"Dada, kaka alipoifungua ile ndoo, ulimwona?"

Editha akamwaga maji ya sufuria, akaipindua juu ya jiwe ikauke.

"Nilimwona," akasema. "Kijiko nilimpa mimi."